Sura kumi za mtu mmoja, na sauti moja kibandani: filamu ya Kitamili inatuhusu nini?

Kuna filamu moja kutoka India ambayo steringi ndiye adui, ndiye askari, ndiye bibi kizee, na ndiye Rais wa Marekani. Inaitwa Dasavathaaram. Ilitoka tarehe 13 Juni 2008, na sura kumi ndani yake zimechezwa na mtu mmoja, mwigizaji Kamal Haasan.

Msikilizaji, huenda ukajiuliza filamu ya zamani namna hiyo inatafuta nini kwenye ukurasa wa habari. Inatafuta mawili. La kwanza, mwigizaji huyo bado yumo kwenye habari: Julai 2025 aliapishwa kuwa mjumbe wa Rajya Sabha, baraza la juu la Bunge la India. La pili, ambalo ni kubwa zaidi kwetu, ni hili: filamu za aina hii zikifika kwenye vibanda umiza vyetu hapa Itumba, Isongole, Mpemba au Tunduma mjini, hufika zikiwa na mtu mwingine mmoja juu yake. Naye ni mtafsiri. Mwigizaji ana sura kumi, mtafsiri ana sauti moja, na hiyo moja inasema kwa niaba ya wote kumi.

Ndani ya habari hiyo kuna mambo matatu yanayotugusa: lugha, sheria, na riziki ya watu. Tuyachukue moja moja.

Si kila filamu ya Kihindi ni ya Kihindi

Tumezoea kusema "muvi ya Kihindi" kwa kila filamu inayotoka India. Lakini India ina lugha nyingi, na kila lugha kubwa ina tasnia yake ya filamu. Bollywood ni filamu za lugha ya Kihindi, zinazotengenezwa Mumbai. Dasavathaaram ni ya Kitamili, lugha ya jimbo la Tamil Nadu lililo kusini kabisa mwa India, na makao ya filamu hizo ni mji wa Chennai. Jimbo hilo peke yake lilihesabiwa watu zaidi ya milioni 72 katika sensa ya 2011. Upate picha: mkoa wetu wote wa Songwe ulihesabiwa watu zaidi ya milioni 1.3 katika sensa ya 2022.

Kamal Haasan alizaliwa mwaka 1954 huko Tamil Nadu, na alianza kuigiza akiwa mtoto, katika filamu iliyotoka mwaka 1960. Hadithi ya Dasavathaaram aliiandika mwenyewe, na mwongozaji alikuwa K. S. Ravikumar.

Jina la filamu maana yake ni miili kumi. Katika dini ya Kihindu, mungu Vishnu husimuliwa kwamba alikuja duniani mara kumi kwa maumbo tofauti: samaki, kobe, nguruwe mwitu, na kuendelea. Kwa hiyo idadi ya sura haikuchaguliwa ovyo. Mtazamaji wa Kitamili akisikia jina tu, anajua atahesabu hadi kumi.

Kucheza sehemu nyingi si jambo jipya. Mwaka 1964 mwigizaji Sivaji Ganesan, mkongwe wa Kitamili, alicheza sehemu tisa katika filamu Navarathri. Miaka kumi baadaye Sanjeev Kumar alicheza tisa katika filamu ya Kihindi iliyotokana na hiyo. Uingereza, mwaka 1949, Alec Guinness alicheza watu wanane wa ukoo mmoja katika Kind Hearts and Coronets. Na wengi wetu tunamjua Eddie Murphy wa Marekani, anayekaa mezani na kujazana yeye mwenyewe: baba, mama, bibi, wote ni yeye.

Hao kumi ni akina nani?

Hadithi inaanza karne ya 12. Kuhani mmoja, Rangarajan Nambi, anakataa sanamu ya mungu wake isiondolewe hekaluni kwa amri ya mfalme. Anafungwa kwenye sanamu hiyo na kutoswa baharini. Huyo ni wa kwanza.

Kisha tunaruka hadi zama zetu. Mwanasayansi Govindarajan Ramaswamy yuko Marekani, kwenye maabara iliyotengeneza virusi vya kuua watu kwa wingi. Anagundua kwamba bosi wake anataka kuviuza. Anakimbia navyo. Anayemfukuza ni Christian Fletcher, Mmarekani aliyewahi kuwa CIA na sasa ni muuaji wa kukodiwa. Wote wawili ni Kamal Haasan. Anajikimbiza mwenyewe kuanzia Marekani hadi India.

Njiani wanaongezeka wengine. Balram Naidu ni ofisa wa usalama mwenye maneno mengi. Krishnaveni ni bibi kizee anayeutumbukiza mzigo wa hatari ndani ya sanamu bila kujua ni nini. Yupo Khalifullah, mtu mrefu kupita milango ya nyumba. Yupo Avatar Singh, mwimbaji wa Kipunjabi mwenye saratani ya koo; risasi inampita kooni na kuondoka na saratani yake. Yupo Shinghen Narahashi, mwalimu wa mapigano kutoka Japani anayelipiza kisasi cha dada yake. Yupo Vincent Poovaraghan, mtetezi wa watu wa tabaka la chini anayepambana na wachimbaji wa mchanga. Na yupo George W. Bush, aliyekuwa Rais wa Marekani wakati huo.

Hesabu yako ikifika kumi, umewamaliza.

Kwa msikilizaji wa vijijini, mimi ningemchagua huyo Vincent. Watu wanachota mchanga wa mto kwa malori, mto unaumia, na anayesema "acheni" ni mtu asiye na cheo wala mali. Sisi tunaoishi jirani na Mto Songwe, mto ambao ukifurika huhama kingo zake na kuchanganya hata mpaka wetu na Malawi, hatuhitaji mtafsiri kuelewa sehemu hiyo.

Walifanyaje?

Swali hili huulizwa sana: inawezekanaje mtu mmoja apigane na yeye mwenyewe?

Njia ya kwanza ni ya zamani. Kamera inafungwa mahali pamoja isitikisike hata kidogo. Nusu ya picha inafunikwa, mwigizaji anacheza upande wa kushoto. Kisha anabadilisha nguo na sura, nusu ile nyingine inafunikwa, anacheza upande wa kulia. Picha mbili zikiunganishwa, unamwona anaongea na nafsi yake.

Njia ya pili ni kumtumia mtu mwingine mwenye umbo kama lake, akionekana kisogo au bega tu. Ngumi ikirushwa, unaona uso wa mmoja na mgongo wa mwingine.

Njia ya tatu ni kompyuta. Mwigizaji anapigwa picha mbele ya kitambaa cha rangi moja, kwa kawaida kijani, kisha kitambaa kinafutwa na mahali pake panawekwa picha nyingine.

Juu ya hayo yote kuna kazi ya nyuso za bandia. Pua, mashavu, kidevu na ngozi za mpira hubandikwa juu ya uso wa mwigizaji, na kazi hiyo huchukua saa nyingi kabla kamera haijawashwa. Kwa Dasavathaaram aliitwa Michael Westmore kutoka Marekani, bingwa wa kazi hiyo.

Je, ilistahili jasho lote hilo?

Tuseme ukweli: hapana, si kila mahali. Watazamaji wengi na wachambuzi wa India walilalamika kwamba baadhi ya nyuso zilionekana za mpira. Uso wa Mjapani na ule wa Mmarekani ulikuwa mgumu, haukunjiki vizuri mtu akicheka au akikasirika. Filamu yenyewe inakaribia saa tatu, na kuna wakati unahisi mhusika ameingizwa ili hesabu ya kumi itimie.

Kuna swali zito zaidi. Hadithi inaishia tarehe 26 Desemba 2004, siku ya tsunami. Katika filamu, wimbi lile lenye maji ya chumvi ndilo linaloua virusi na kuokoa ulimwengu. Lakini tsunami haikuwa hadithi. Iliua watu zaidi ya 200,000 katika nchi za Bahari ya Hindi, na pwani ya Tamil Nadu ilikuwa miongoni mwa sehemu zilizoumia vibaya. Hata Afrika Mashariki iliguswa: Somalia ilipoteza karibu watu 300, na hapa Tanzania walikufa watu wasiopungua 10. Mtu aliyempoteza ndugu yake siku hiyo anaweza kuuliza, msiba wangu umekuwaje dawa ya sinema yenu?

Nadhani filamu yenyewe ilijua deni hilo, na jibu lake ndilo jambo bora kuliko yote yaliyomo. Vincent, yule mtetezi wa tabaka la chini, anakufa akiokoa watoto kwenye maji. Bibi Krishnaveni, wa tabaka la juu, ambaye kwa desturi ya kale asingegusa hata mwili wa mtu kama yule, anamkumbatia maiti na kumlilia kama mwanawe. Waliochezesha wote wawili ni mtu mmoja. Hapo ndipo unapoelewa kwa nini mwigizaji mmoja: tabaka ni mbili, damu ni moja. Sehemu hiyo ya dakika chache isingekuwa na nguvu hiyo kama wangekuwa waigizaji wawili.

Sasa tuje kibandani

Katika filamu hii, kinachowatofautisha wale kumi si sura tu. Ni usemi. Ofisa Naidu anaongea Kitamili chenye lafudhi ya Kitelugu, lugha ya jirani, na nusu ya vichekesho vyake vinatoka hapo. Bibi kizee anaongea Kitamili cha nyumba za makuhani. Vincent anaongea lahaja ya watu wa kusini kabisa. Fletcher anaongea Kiingereza. Mtamili akifumba macho, bado anajua nani anaongea.

Mtazamaji wa Ileje hana bahati hiyo. Kwake Kitamili chote ni kimoja. Anayemrudishia tofauti hizo ni mtafsiri.

Kazi ya watafsiri hawa ina historia ndefu nchini. Jina ambalo wengi hulitaja kwanza ni Lufufu, yaani Derek Gaspar Mukandala, ambaye sauti yake ilisikika kwenye vibanda na kanda za video nchi nzima. Wakafuata wengine wengi wenye majina ya kuanzia na DJ. Kenya wanaye DJ Afro. Uganda wanawaita VJ, na VJ Jingo ni maarufu hata nje ya mipaka. Kule Wakaliga, Kampala, VJ Emmie amekwenda mbali zaidi: sauti yake ni sehemu ya filamu zenyewe zinazotengenezwa na Nabwana I.G.G., ikiwemo Who Killed Captain Alex? ya mwaka 2010.

Mmoja wa watafsiri wa Tanzania aliwahi kuifananisha kazi hii na kugeuza wali kuwa pilau. Mchele ni uleule, lakini viungo ni vya mpishi. Ndiyo maana mtafsiri hafuati kila neno. Anaeleza desturi isiyojulikana kwetu. Anatuonya adui yuko nyuma ya mlango. Anampa mtu jina la mtaani. Mahali penye ukimya, anaweka utani.

Na jambo hili si la Afrika peke yake. Japani, enzi za filamu zisizo na sauti, palikuwa na wasimulizi walioitwa benshi. Walikaa pembeni ya pazia na kusema sehemu zote: mwanamume, mwanamke, mtoto, hata farasi. Watu walilipa kiingilio kwa ajili ya benshi wampendaye kuliko kwa ajili ya filamu. Filamu zenye sauti zilipoingia, miaka ya 1930 wengi wao walikosa kazi. Mmoja wao alikuwa Heigo Kurosawa, kaka yake Akira Kurosawa aliyekuja kuwa mwongozaji mkubwa wa filamu duniani.

Kwa hiyo mtafsiri wetu si mtu wa ovyo aliyeokota kipaza sauti. Ni fundi wa kazi yenye heshima. Lakini fundi naye ana maswali ya kujibu.

Swali la lugha: nani anachekwa?

Mtafsiri akimkuta ofisa Naidu mwenye lafudhi ya kuchekesha, lazima achague. Atampa lafudhi gani ya hapa kwetu? Ya Kimasai? Ya Kinyakyusa? Ya mtu wa Zambia aliyevuka Nakonde kuja sokoni?

Utani wa makabila ni mali yetu, na Watanzania tumelelewa nao. Lakini utani una masharti: unaotaniwa ni mtani wako, naye ana haki ya kukujibu. Kwenye kanda, anayetaniwa hayupo na hajibu. Kama kila mlinzi mjinga anapewa lafudhi ya kabila moja, na kila mwizi ya kabila jingine, mtoto wa darasa la nne anayetazama Jumamosi hadi Jumamosi atajifunza somo ambalo hakuna mwalimu angelikubali.

Hili linamgusa hata Kamal Haasan. Alibandika ngozi kuwa Mjapani na kuwa Mzungu. Je, kuvaa uso wa watu wengine ni kuwaheshimu au ni kuwafanya kinyago? Jibu langu ni kwamba inategemea umempa huyo mtu akili na moyo, au umempa pua tu. Vincent alipewa moyo. Bush alipewa pua.

Swali la sheria

Hapa ndipo wenye vibanda huwa hawapendi tufike, lakini ni lazima.

Tanzania ina Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki, Namba 7 ya mwaka 1999. Kwa sheria hiyo, haki ya kutafsiri kazi, kuinakili, kuisambaza na kuionyesha hadharani ni ya mwenye kazi. Kuinunua CD au kuwekewa filamu kwenye flashi hakukupi haki hizo. Na usidhani filamu ya nje haina mwenyewe: India na Tanzania zote ni wanachama wa Mkataba wa Berne wa kulinda kazi za sanaa, sisi tangu mwaka 1994. Mwenye filamu wa Chennai analindwa Itumba kama anavyotakiwa kulindwa mwenye filamu wa Itumba huko Chennai.

Upo pia upande wa maonyesho. Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza, Namba 4 ya mwaka 1976, inataka filamu inayoonyeshwa kwa umma iwe imekaguliwa na kupangiwa umri wa watazamaji, na sehemu ya kuonyeshea iwe na kibali. Msimamizi ni Bodi ya Filamu Tanzania. Hakimiliki ziko chini ya COSOTA.

Kwa maneno mafupi: filamu iliyotafsiriwa bila ruhusa, ikauzwa bila ruhusa, ikaonyeshwa kwa kiingilio bila kibali, imevunja utaratibu mara tatu kabla hujakaa kwenye benchi.

Swali la riziki: nani anaumia, nani anafaidika?

Wanaolalamika zaidi ni watengenezaji wa filamu zetu. Aprili 2017 waigizaji wa Bongo Movie waliandamana Kariakoo, Dar es Salaam, wakipinga filamu za nje kuuzwa bila kufuata taratibu. Hoja yao ni nyepesi kuielewa kwa mkulima yeyote. Wewe umelima mahindi, umenunua mbolea, umelipa vibarua. Jirani yako anakuja sokoni na mahindi aliyookota, anauza kwa bei ya kutupa. Utashindana naye vipi?

Hoja hiyo ina nguvu, na siipingi. Lakini upande wa pili nao una watu. Yupo kijana mwenye kibanda, televisheni na jenereta, anayelisha familia kwa viingilio vya shilingi mia mia. Yupo mtafsiri mwenyewe, ambaye mara nyingi kazi yake hunakiliwa na wengine bila yeye kupata kitu. Anaiba na anaibiwa. Na yupo mtazamaji.

Huyu wa mwisho husahaulika. Fikiria mama wa makamo aliyesoma kidogo, anayeongea Kindali nyumbani na Kiswahili sokoni. Maandishi ya Kiingereza yanayopita chini ya picha hayamsaidii. Filamu ya Kitamili kwake ni picha za watu wanaolia. Mtafsiri akiingia, anaelewa kwa nini bibi yule anamlilia maiti wa tabaka jingine. Anarudi nyumbani na kitu cha kufikiri. Ukifunga kibanda bila kuweka kitu mahali pake, unayemfungia mlango ni huyo mama. Mwenye filamu wa Chennai hatapata hata senti kwa kufungwa kwake.

Je, kuna njia ya halali? Ipo, na imeanza. Mwaka 2011 Televisheni ya Taifa, TBC, ilionyesha tamthilia ya Kichina ya Mao Doudou na mama wakwe zake ikiwa imewekewa sauti za Kiswahili. Ilipendwa mno, hata Rais Xi Jinping wa China aliitaja kwenye hotuba yake Dar es Salaam Machi 2013. Baadaye kampuni ya StarTimes iliendesha mashindano ya kutafuta sauti za Kiswahili nchini, na washindi wakapelekwa Beijing kufanya kazi hiyo. Leo tamthilia za Kituruki na za Kihindi zinaonyeshwa kwenye ving'amuzi zikiwa na Kiswahili, kila mhusika na sauti yake, kwa ruhusa ya wenyewe.

Tofauti ni bei na umbali. King'amuzi kinataka malipo ya mwezi. Kibanda kinataka sarafu ya leo. Mpaka pengo hilo lizibwe, sheria peke yake haitakimaliza kibanda. Itakisukuma tu kwenda nyuma ya nyumba.

Tena kuna mgeni mwingine mlangoni. Programu za akili mnemba sasa zinaweza kuchukua maneno ya lugha moja na kuyasema kwa lugha nyingine, kwa sauti ya kutengenezwa. Zikikijua Kiswahili vizuri, mtafsiri wetu anaweza kuwa kama benshi wa Japani. Mashine haitachoka na haitadai posho. Lakini sidhani kama itajua kumfananisha adui na mjumbe fulani wa mtaa anayejulikana na kila aliye kwenye benchi. Viungo vya pilau bado viko kwa mpishi.

Simu moja, watu watano

Msikilizaji kijana, sehemu hii ni yako.

Sanaa ya mtu mmoja kuwa watu wengi haikwami kwenye mamilioni ya fedha za India. Lucas Mhavile, tunayemwita Joti, alitufundisha miaka ya Orijino Komedi kwamba mtu mmoja anaweza kuwa babu, mtoto na mwanamke, na watu wakakubali. Kenya, kijana anayeitwa Flaqo amejipatia jina kwa kucheza mama, mtoto na watu wengine wa familia, peke yake, kwa video fupi za mtandaoni.

Ukitaka kujaribu, vifaa vyako ni simu, kanga ya mama, kofia ya babu na ukuta wenye mwanga. Simu iweke mahali isitikisike. Sema maneno ya mtu wa kwanza ukitazama kulia. Badilisha nguo, sema ya mtu wa pili ukitazama kushoto. Kata na uunganishe. Ni ileile njia ya mwaka 1964, imekuja tu mfukoni.

Mambo matatu ya kuzingatia. Kwanza, usiweke wimbo wa mtu mwingine bila ruhusa. Ndiyo kosa lilelile la kibanda, na unaweza kufungiwa ukurasa. Pili, hifadhi kazi yako ya awali yenye tarehe, ili siku mtu akiichukua uwe na ushahidi. Tatu, ukianza kupata kipato, fika kwa afisa utamaduni wa wilaya akuelekeze namna ya kujisajili. Ushauri huo huo ni kwa mwenye kibanda: ni afadhali uende ukiwa unauliza kuliko kufuatwa ukiwa umeshakosea.

Na usione haya kumpa mhusika wako Kindali, Kimalila au Kinyiha pale inapofaa. Kitamili kilionekana lugha ya mkoa mmoja tu wa dunia, hadi wenyewe walipokitengenezea filamu ambazo wengine wanalazimika kuzitafsiri.

Kwa wakubwa wetu wa halmashauri na wa Bodi, swali ninaloliacha mezani ni hili. Vibanda vipo, watafsiri wapo, watazamaji wapo. Je, haiwezekani kutengeneza leseni ndogo, ya bei ambayo mtu wa Itumba anaweza kuilipa, ili mwenye filamu apate chake, mtafsiri atambuliwe kwa jina lake, na mtoto asiingie kutazama kisicho cha umri wake? Yeyote kati yao akiwa tayari kujibu, studio iko wazi na kipaza sauti kimewashwa.